Mashine Iliyomkwepa Mama Mkwe

Mwenyekiti wetu Ofumbi hajui hata kuwasha kompyuta, lakini tangu anunue ile kofia pale Busia anajiita mhandisi. Mimi niliyesomea kazi hiyo miaka minne chuo kikuu cha Busitema, nikauandikia ushirika wetu wa Mella programu ya kuendesha mashine ya kukaushia mahindi, mstari kwa mstari, aliniambia nishike ufagio niwe naondoa makapi.

Kofia yenyewe ni ya mpira, ndani imejaa vitufe vya chuma. Unaivaa, unaiwaza kazi kuanzia mwanzo mpaka mwisho, na mawazo yako yanageuka programu na kuingia moja kwa moja kwenye mashine. Ni tarakimu tupu. Hakuna binadamu wa kuzisoma wala kuzirekebisha. Ukikosea, unaivaa tena na kuwaza upya. Muuzaji wake, Marvin, mtu wa viatu vinavyong'aa na maneno mengi, alisema jambo moja tu la maana: kofia haijali unachosema, inaandika kinachopita kichwani.

Ofumbi aliivaa mbele ya mkutano. Kwanza aliifuta programu yangu, hivihivi, bila kunitazama. Kisha akafumba macho, akawawaza wanachama wakija mmoja mmoja: kadi ya uanachama inagusishwa, kifuniko kinafunguka, mahindi yanaingia, moto unawaka. Jasho lilimtoka kana kwamba analima. Mashine iliponguruma watu walipiga makofi, na aliyepiga kuliko wote ni mama yangu mzazi, ambaye hupigia makofi hata redio. Niliona haya kuwa mtoto wake.

Kesho yake akaja Mama Achola na magunia sita mabichi. Ni mjane, na hicho ndicho chakula chake mpaka mavuno mengine. Alipogusisha kadi, taa ilizima, kifuniko kikajifunga, mashine ikanyamaza. Aliposogea mbali hatua chache, ikawaka. Akarudi, ikazima tena.

Mimi nilielewa palepale. Achola ni mama mkwe wake Ofumbi. Huku kwetu mwanamume mwenye adabu akimwona mama mkwe njiani huchepuka kichakani mpaka apite. Jina lake halitaji, usoni hamtazami. Kwa hiyo mhandisi wetu alimwona mama mkwe akija katika foleni ya mawazo yake, naye akachepuka. Kofia ikaandika hivyohivyo.

Wote walijua, na wote walinyamaza. Kadi moja ilikuwa na zamu moja kwa juma, wala hakukuwa na aliyetaka kumpa mjane zamu yake. Mvua ilinyesha siku tatu mfululizo. Siku ya nne nilitia mkono kwenye gunia lake la juu. Lilikuwa la moto, na punje zimeanza kuota. Nikamfuata Ofumbi penye mashine, foleni nzima ikisikiliza.

"Cheyamani, vaa kofia tena. Fikiria yule mama anakuja, mashine inafungua. Basi."

"Wewe Jovia, unataka mimi nakaa hapa natazama uso ya mama ya bibi yangu?"

"Si ni kwa kichwa tu?"

"Na kichwa ni ya nani?"

"Mahindi yake inaoza."

"Basi vaa wewe. Si wewe ndiyo umesoma?"

Sikungoja aseme mara mbili. Niliivaa, nikamwaza Achola: mikono yake iliyopasuka, magunia yake, kifuniko kinamfungukia. Kisha nikawapitia wengine, maana lazima uwawaze wote. Ikwap, aliyecheka nilipopewa ufagio. Damalie, aliyeniuliza shule ilinisaidia nini. Ofumbi na tumbo lake. Watu waliokula kwa programu yangu misimu miwili bila kuuliza nani aliiandika. Niliwapitia harakaharaka, kwa kinyaa, nikafungua macho.

Achola aligusisha kadi. Kifuniko kilifunguka, moto ukawaka, magunia yakamiminwa.

"Mungu akubariki, mtoto yangu," alisema, machozi yanamtoka.

Nilimtazama Ofumbi, aliyekuwa amempa mkwewe mgongo, kwa dharau zote nilizokuwa nimezilimbikiza, na nilifurahi sana.

Akafuata Ikwap. Taa ikazima. Damalie naye, ikazima. Ofumbi akawasukuma pembeni, akagusisha kadi yake ya mwenyekiti, na kifuniko kikajifunga mbele ya pua yake. Hapo nilicheka kwa sauti.

"Hii mashine sasa inachagua watu," Ikwap alisema, akinikazia macho.

Ndipo ikafika zamu ya mama yangu. Alikuja amevaa gomesi, gauni lake refu la Jumapili, amejitwisha gunia moja, anatembea kwa madaha kwa sababu binti yake ndiye aliyeitengeneza mashine. Akagusisha kadi. Taa ikazima.

"Iko na vumbi," aliwaambia waliokuwa nyuma yake, akiipangusa kadi kwenye gomesi. "Ngojeni kidogo."

Akagusisha tena. Akaipangusa tena, akinitabasamia. Ofumbi alinitazama, akatazama chini. Kofia ilikuwa bado kichwani mwangu. Nilifumba macho nimwaze mama vizuri, na kitu cha kwanza kilichonijia ni yale makofi.