Jino la Mtaalamu

Mwenyewe alijiita fundi wa kompyuta, lakini nyumbani kwao walimwita Mtaalamu, na jina hilo lilimkaa vizuri kuliko alivyopenda kukiri. Ndiye aliyetengeneza mfumo wa foleni wa zahanati ya mtaa. Algorithimu yake, yaani zile hatua ambazo kompyuta hufuata moja baada ya nyingine bila kuuliza, ilikuwa fupi: kila mgonjwa apewe alama kwa uzito wa ugonjwa wake, na mwenye alama nyingi aingie kwanza. Siku ya uzinduzi alihutubia dakika arobaini. Alipomaliza watu walipiga makofi sana, wala hakushuku kwamba walichoshangilia ni kule kumaliza.

Mwezi wa pili jino likamshika. Shavu likavimba, jicho likabaki nusu. Shangazi yake, aliyekuwa akiishi naye, akamkokota hadi zahanati saa mbili asubuhi.

Muuguzi wa mapokezi akabonyeza kompyuta. "Jino. Alama mbili. Kaa pale, skrini itakuita."

Skrini ilionyesha watu wanne mbele yake. Mtaalamu akakaa, akaona fahari kidogo kuhudumiwa na kazi ya mikono yake. Saa tatu walikuwa watano. Saa nne, saba. Kila aliyeingia na homa au kikohozi alikuwa na alama nyingi kuliko jino, akapita.

"Foleni gani hii inayorudi nyuma?" alisema seremala aliyeketi kando yake, kidole gumba kimefungwa kitambaa. "Jana nimekaa hapa mpaka wakafunga. Alama tatu! Aliyepanga mambo haya natamani nimwone uso kwa uso."

"Labda alikuwa na nia nzuri," Mtaalamu akasema kwa ule upande wa mdomo uliokuwa bado kazini.

"Nia gani? Huyo hajawahi kuumwa hata kucha."

Benchi zima likacheka. Mtaalamu naye akacheka, kwa maumivu, asije akaonekana wa ajabu. Hapo shangazi, mwanamke asiyejua kunong'ona, akaingilia: "Mwanangu, si wewe uliyeitengeneza? Si ulituonyesha na picha?"

Benchi zima likamgeukia. Mtaalamu akalikodolea macho bango la kunawa mikono, kana kwamba ndiyo kwanza anasikia habari za sabuni.

"Kumbe ni wewe," seremala akasema taratibu. Akalitazama lile shavu, hasira zikampungua. "Basi pole, bwana. Lakini niambie, hiyo mashine yako inajua kwamba niko hapa tangu jana?"

Mtaalamu alikuwa na maelezo mengi ya chuoni, mazuri, yenye michoro. Akayapekua yote kichwani, asipate hata moja la kumfaa mtu mwenye kidole kilichovimba.

"Haijui," akasema. "Sikuiambia."

"Sasa si uiambie?"

Akainuka, akaenda kwenye dirisha la mapokezi. Muuguzi akampisha kiti bila kuulizwa. "Nilikuandikia barua mbili," alisema.

Mtaalamu alizikumbuka. Alizijibu kwa kumtumia mwongozo wa kutumia mfumo, kurasa sitini.

Akaongeza sharti moja tu: kila robo saa ya kusubiri impe mgonjwa alama moja zaidi, ila mahututi wabaki juu ya wote. Kazi ya dakika saba, na nyingine tatu za kusahihisha herufi alizokosea kwa sababu ya jicho. Muuguzi akaingiza na saa za jana za seremala. Skrini ikawaza, kisha ikamwita seremala.

Mtaalamu aliitwa saa tano, jino likang'olewa. Alipotoka alitaka kuwaeleza waliobaki benchini namna alivyotatua tatizo, lakini mdomo ulikuwa umejaa pamba, na watu wakanusurika.

Wiki iliyofuata alirudi bila ugonjwa wowote. Akakaa kwenye lile benchi siku tatu, daftari mapajani, akiuliza na kusikiliza. Wagonjwa na muuguzi wakamwonyesha makosa kumi na moja. La kumi na mbili aliligundua mwenyewe, akalinyamazia, akalirekebisha asubuhi yake kabla muuguzi hajafika kazini.