Aliyekuja Kukataliwa

Lodi Osbert Peverell, wa kumi na moja katika ukoo wake kuitwa Lodi, alizaliwa na cheo chake kama wengine wanavyozaliwa na kidole cha sita: hakukiomba, hakikumsaidia kazi yoyote, na wageni walikikodolea macho. Alirithi pia ekari elfu tatu za ardhi ya Skelbury, msitu wa mialoni, na nyumba ya vyumba arobaini yenye paa lililovuja mahali kumi na tisa. Kitu kimoja tu hakukirithi kwa baba yake. Hakujua kusema hapana.

Si kwamba alikuwa mwoga. Alikuwa na adabu, ile adabu ya kwao ambayo mtu akikukanyaga mguu, wewe ndiye unayeomba radhi. Kwa adabu hiyo alijikuta na piano tatu ambazo majirani hawakuwa na pa kuziweka, na uenyekiti wa chama cha wafuga nyuki, ilhali nyuki mmoja akimuuma alivimba mpaka macho yakafumbika. Miaka kumi na miwili aliyokaa katika bunge la malodi, kabla serikali haijawatimua waliorithi viti, alisimama kuzungumza mara moja, kuomba dirisha lifungwe. Mwenzake akasema yeye analipenda wazi, basi Lodi Osbert akamshukuru na kuketi. Hata ndoa aliipata hivyohivyo. Binti mmoja aliyeitwa Marigold alimuuliza kama anakusudia kumposa, akaona haya kumwambia bado hajafikiria. Kwa bahati njema walipendana miaka arobaini na mmoja, mpaka Marigold alipofariki, na tangu hapo alikula peke yake na mbwa wake Pickle.

Peke yake, lakini si faraghani. Hapo ndipo lilipo balaa la ukoo huo.

Lodi wa tatu, mtu wa makuu, alitaka chumba cha kulia kikubwa kuliko cha shemeji yake, akakijenga juu ya njia ya miguu iliyotoka kanisani kwenda kilabuni. Watu wa Skelbury hawakubishana naye. Waliendelea kupita. Waliingia kwa mlango wa mashariki, wakaizunguka meza ya watu ishirini na wanne, wakatoka kwa mlango wa magharibi kwenda kunywa bia, na wamefanya hivyo miaka mia mbili na sabini. Lodi Osbert alikuwa akipasua yai lake la asubuhi huku mtu na toroli la samadi anampita mgongoni akisema, "Habari za asubuhi, Mheshimiwa, samahani kwa tope."

Sheria ya nchi ile ni kwamba njia wanayoipita watu miaka nenda rudi bila kuzuiwa na mtu huwa yao. Ukoo wa Peverell ukajiwekea kinga. Kila mwaka, siku ya Mtakatifu Luka mwezi wa Oktoba, mlango wa mashariki hufungwa kuanzia jua kuchomoza hadi kuzama. Katika siku hiyo ni lazima mkazi mmoja wa kijiji aje aombe kupita, na Lodi mwenyewe, kwa kinywa chake, mbele ya kasisi, amwambie hapana. Tangazo la maandishi halihesabiki. Mwaka ukipita bila mtu kukataliwa, njia ni ya umma milele, chumba cha kulia na vyote vilivyomo njiani. Masharti hayo waliyatia sahihi wenyewe na kijiji chao, na hakuna aliyewahi kuona kichekesho ndani yake.

Baba yake Lodi Osbert alikuwa fundi wa jambo hilo. Aliwahi kuukatalia msafara wa mazishi ya ndugu yake mwenyewe. Alipokuwa akikata roho alimshika mwanawe mkono na kumwambia, "Osbert, usiwe wewe wa kukipoteza chumba." Osbert akasema sawa, kama kawaida yake.

Miaka thelathini aliitunza ahadi hiyo kwa msaada wa mtu mmoja, Walter Pargeter, mchimba makaburi mstaafu. Kila siku ya Mtakatifu Luka, saa nne kamili, Walter alibisha, akavua kofia, na kusema, "Naomba kupita." Lodi Osbert alifungua kinywa, akakosa sauti, akatikisa kichwa, na Walter, mtu wa huruma, akaitikia kwa nguvu, "Nimesikia, Mheshimiwa! Umenikatalia! Kasisi andika!" Kisha wakaenda jikoni wakanywa bia. Mwezi wa Machi Walter alifariki, na kijiji kizima kikaanza kuhesabu siku.

*

Asubuhi ya Mtakatifu Luka Lodi Osbert alisimama mbele ya kioo tangu saa kumi na mbili, akijifunza. "Hapana," alikiambia kioo. "Hapana, bwana." Alimjaribu Pickle, aliyekuwa akiomba soseji, na Pickle akapata soseji mbili.

Saa mbili alikuwa mlangoni, tai shingoni, na Kasisi Tranter pembeni yake na daftari. Mvua ilikuwa ya rasharasha. Hakuja mtu. Watu wa Skelbury walionekana kwa mbali wakizungukia bwawani, maili moja na nusu kwenye matope, wanawapungia mikono. Bi Doreen Blenkin, mwenyekiti wa baraza la kijiji, mwanamke aliyeitaka njia ile kuliko alivyotaka afya njema, alikuwa amewapigia simu wote: asibishe mtu.

Yeye mwenyewe alifungua kiti cha kukunja katikati ya bustani ya Lodi, akatoa mkate wa mayai, akajikalia kungoja jua lizame.

"Bi Blenkin," Lodi Osbert alimwita, "hungependa kupita?"

"Asante, niko vizuri hapahapa."

"Ungeomba tu. Mara moja."

"Siombi kitu, Mheshimiwa. Nimejaliwa subira na nimebeba chupa ya chai."

Mvua ikaongezeka. Lodi Osbert alivumilia dakika nne, kisha akatoka na mwamvuli, akamkabidhi, akarudi akiwa ameloa.

"Wewe mtu wa ajabu kweli," Bi Blenkin alisema, akiutazama ule mwamvuli wenye nembo ya ukoo. "Nimekuja kukunyang'anya chumba, unanikinga mvua?"

"Utapata mafua, mama. Hilo ni jambo jingine kabisa."

Saa saba alipita Nigel Oddy, fundi bomba, na mbwa wake. Lodi Osbert alimkimbilia hadi kwenye ua.

"Nigel! Niombe kupita, nitakukatalia, nami nitakupa kanga wawili wa porini."

"Utanikatalia kweli?"

"Kabisa. Bila huruma."

Oddy akamwangalia kuanzia viatu mpaka mvi. "Bomba lako lilipasuka Krismasi, nikakuambia nitakuja mwezi wa tatu, ukasema usijisumbue kuharakisha. Wewe umkatalie nani? Tena mama Blenkin akinisikia nimekwisha." Akaenda zake.

Kufika saa kumi na moja Kasisi alikuwa ameketi kwenye ngazi na buti moja limejaa maji. "Mheshimiwa," alisema taratibu, "mimi naishi kijijini hapa. Ningeweza kuomba mimi."

"Na nani atakuwa shahidi?"

Wakafikiri. Shahidi hakuwapo mwingine ila Bi Blenkin, naye akafumba macho na kuziba masikio kwa vidole viwili.

Lodi Osbert alichungulia ndani kwa dirisha. Kule mwisho wa meza kilikuwapo kiti cha Marigold, na juu yake ukutani baba yake katika picha, na kidevu kile kilichokataa watu miaka hamsini. Aliona uchungu mkubwa. Wazee wanane walilinda chumba kile kwa ukali na kiburi, na kilikuwa kinakwenda kupotea mikononi mwake kwa sababu hakuna mtu aliyemchukia vya kutosha kuja kugombana naye.

Zilibaki dakika tano jua lizame alipomwona mtu anakuja kwenye njia ya kanisani, polepole, na mkongojo. Alikuwa Elsie Pargeter, mjane wa Walter. Alikuwa na miaka themanini na mmoja na nyonga ya bandia, koti limelowa, maji yanachuruzika kwenye skafu mpaka puani.

Bi Blenkin alisimama, kiti kikaanguka. "Elsie! Rudi nyumbani!"

"Nyamaza, Doreen, nilikubadilisha nepi mimi." Elsie alipanda ngazi moja, akapumua, akapanda ya pili. Akabisha mlango uliokuwa umefungwa nyuma ya mgongo wa Lodi, akampitishia mkono ubavuni ili aufikie. Kisha akavua skafu, kama mumewe alivyokuwa akivua kofia.

"Mheshimiwa," alisema, meno yakigongana, "naomba kupita."

Kasisi aliinua kalamu. Lodi Osbert alivuta pumzi. Neno lilikuwa tayari. Alilihisi kwenye ulimi, zito na safi, neno la baba yake. Basi Elsie akapiga chafya.

"Maskini, umelowa chepechepe!" alisema Lodi Osbert, akausukuma mlango wote wazi. "Ingia, ingia ndani, moto unawaka. Nikuletee chai?"

Kasisi aliandika, kwa sababu alikuwa mtu mwaminifu, na machozi yakamlengalenga.

"Mjinga wewe!" Elsie alifoka. "Mjinga mkubwa! Nimetembea maili mbili na mguu huu nije kukataliwa, unanikaribisha? Walter alikufundisha miaka thelathini!"

"Samahani sana, Bi Elsie," alisema Lodi Osbert. "Unatumia sukari?"

*

Baraza lilisimika kibao cha kijani kwenye kila mlango. Ofisa wa njia alikuja na kamba, akapima, akaona meza inaziba haki ya umma kwa futi tisa. Wakaikata katikati. Tangu hapo Lodi Osbert alikula kwenye nusu ya mashariki akiitazama nusu ya magharibi ng'ambo ya njia. Alipewa na barua ya kumkumbusha kwamba hatakiwi kunyoosha miguu njiani.

Hayo yote aliyameza. Lililomuumiza ni jingine, na hakulitegemea. Watu waliacha kumsalimia. Hawakuwa na ubaya, la. Ni vile tu kwamba zamani walipita kwa hisani yake, na mtu aliyefanyiwa hisani hutupa neno, huuliza hali ya mbwa, husema samahani kwa tope. Sasa barabara ilikuwa yao, na nani humwomba radhi mtu aliyekaa kando ya barabara? Walipita wakitazama simu. Walipita wageni wa mjini na mikoba mgongoni, mmoja akamuuliza yai ni kiasi gani. Lodi Osbert alimpa. Alikaa chumbani mwa wazee wake, watu wakimpita kutwa nzima, na hata siku za kwanza baada ya kumzika Marigold hakuwa mpweke kiasi kile.

Alasiri moja ya Novemba, saa kumi, mlango wa mashariki ulibishwa. Ulikuwa wazi, kisheria haukuruhusiwa kufungwa, lakini ulibishwa. Elsie Pargeter alisimama kizingitini na mkongojo wake, hakuingia.

"Naomba kupita," alisema.

"Bi Elsie, mbona njia ni ya umma sasa? Kibao hicho hapo."

"Nimeuliza ya nani? Macho ninayo. Nimesema naomba kupita."

Nyuma yake wageni wawili wenye mikoba walisimama wakingoja. Lodi Osbert aliweka chini kijiko. Alimtazama yule bibi, skafu mkononi, kidevu juu, mguu mbovu umeegeshwa kwenye mkongojo, maili mbili kutoka kwake. Polepole akainuka, akanyoosha tai.

"Hapana," alisema.

Ilitoka kubwa kuliko alivyotarajia. Pickle aliamka. Wale wageni wakaomba radhi na kugeuka kuzungukia bwawani.

"Sasa ndiyo hiyo," alisema Elsie, akiingia. "Ungekuwa na hiyo mwezi uliopita tungekuwa na meza nzima. Bia iko wapi?"

Lodi Osbert alimvutia kiti, kile cha Marigold, kwenye nusu ya pili ya meza. Walikunywa wakitazamana ng'ambo ya njia ya umma, na kila alipopita mtu katikati yao walisimamisha mazungumzo mpaka atoke mlango wa pili. Mwishoni Elsie alifunga skafu yake.

"Na kesho je?" aliuliza.

"Kesho ukija nitakukatalia tena."

"Saa ngapi?"

"Saa kumi," alisema Lodi Osbert. "Na tafadhali, usichelewe."