Zamu ya Bofu

Mwanatatu alitokea kwenye televisheni amejitanda leso mpya, na hilo ndilo lililonikata maini kwanza. Mume wetu ameuawa, muuaji hajulikani, naye ana nafasi ya kuchagua leso.

Ulikuwa mwaka wa tisini na tatu. Kijana wa Nairobi aitwaye Dishon alikuwa akitengeneza filamu za watu waliouawa, ili wasisahaulike na huenda aliyeona kitu akajitokeza. Alipofika kwangu Bofu nilimkaribisha vizuri, kisha nikamwambia aende mtaa wa Shika Adabu kwa Mwanatatu, mke mkubwa, maana ndiko marehemu alikolala usiku wake wa mwisho. Alidhani namheshimu mwenzangu. Wallahi sikuwa namheshimu.

Mume wetu Rama alikuwa akigawa siku zake, mbili kwa Mwanatatu, mbili kwangu. Usiku aliouawa ulikuwa wangu. Nilipika samaki wa kupaka, nikajifukiza udi, nikamngoja mpaka usingizi ukanichukua. Asubuhi maiti yake ikaokotwa Shika Adabu, karibu na mlango wa Mwanatatu. Sikuhitaji kuelezwa zaidi. Alikuwa ameniibia zamu yangu, na mume akafa akiwa wake. Eda tulikaa kila mmoja nyumbani kwake, mimi nikilia kwa hasira kuliko kwa msiba. Waliokuja kunipa pole niliona wananicheka. Miaka miwili ikapita. Sikumuuliza, naye hakunambia.

Filamu nilikwenda kuitazama kwa jirani yangu Kioko. Nilikaa karibu na mlango, niondoke ikinishinda. Wakaonyesha picha ya Rama na nguo zake za kazi za bandarini. Mwanatatu akaeleza alivyopenda chai ya tangawizi na alivyoimba akinyoa ndevu. Nikasonya. Kwangu tangawizi hakuwahi kuiomba hata siku moja.

Dishon akamuuliza marehemu alikuwa akielekea wapi usiku ule. Mwanatatu akatazama mikono yake kwanza.

"Alikuwa aenda Bofu, kwa mwenzangu. Mwanangu alikuwa na homa, akaja kumtazama baada ya magharibi. Nikamwomba alale. Akanambia, 'Leo ni zamu ya Mwanarehema. Nikilala hapa nitamdhulumu.' Akatoka."

Dishon akataka kujua kama mwenzake alikuwa na habari hiyo.

"Polisi niliwaambia. Yeye sikuweza. Nilitaka angalau kifo cha Rama kiwe changu."

Watu wote kwa Kioko wakanigeukia. Mkewe Wairimu akanishika bega, nami nikalia kilio ambacho sikukilia siku ya mazishi. Hakuwa ameniacha. Alikuwa njiani, anakuja kula samaki wangu.

Niliporudi nyumbani roho ilikuwa nyepesi. Nikakaa kitandani nikiyarudia yale maneno kwa sauti ya Rama, na hapo wivu ukanipanda upya, mbaya kuliko wa kwanza. Mume wangu alinitaja kwa mara ya mwisho duniani, na aliyemsikia ni Mwanatatu.