Kiti Namba Kumi na Moja

Ofisini walimwita Fundi Viti, na jina lenyewe alilitolea jasho. Miezi tisa mizima alikuwa akichora viti vya mabasi kwenye kompyuta, ili watu wakate tiketi kwa simu bila kupanga foleni: kijani kiko wazi, njano kimeshikiliwa, chekundu kimechukuliwa. Abiria wake wa majaribio alikuwa mmoja tu, mama yake mzazi. Kila akijaribu mfumo alimkatia mama kiti namba kumi na mbili, dirishani, na ujumbe ukaingia kwenye simu ya mama. Mama naye hakuwa na dogo. "Leo nimesafiri mara tatu," alimpigia siku moja, "na bado sijatoka jikoni!"

Kisha mama akafariki, na Fundi Viti akakosa moyo wa kumfuta kwenye mfumo. Kosa? Haya, kosa. Wewe ungeweza?

Ilipobaki siku moja mfumo ufunguliwe kwa watu wote, bosi akaja kusimama nyuma yake, chakula cha mchana hata hakijashuka tumboni. "Ondoa abiria wako wa majaribio. Kesho sitaki takataka humo."

Neno hilo lilimchoma, lakini kazi ni kazi. Akafuta. Kiti kumi na mbili kikawa kijani. Akafungua ramani ya viti upya, lahaula, chekundu! Akafuta tena, kikarudi. Alipofuta mara ya nne, kiti cha jirani, namba kumi na moja, kikageuka njano, na jina likajiandika lenyewe. Lilikuwa jina la baba yake.

Njano maana yake kiti kimeshikiliwa kwa dakika kumi, kikisubiri abiria aje, na saa ilishaanza kuhesabu kurudi nyuma. Mahali pa kwenda palikuwa patupu. Tarehe ya kurudi, hakuna. Na aliyemshikia baba kiti ni namba ya mama, ya simu ambayo Fundi Viti aliizima kwa mkono wake siku ya mazishi, akaifungia kabatini.

Akampigia baba. Simu iliita mpaka ikakatika. Akapiga tena, kimya. Mzee wa watu anaishi peke yake, moyo wake mbovu, na tangu msiba chakula anaonja tu. Akabonyeza kughairi, mfumo ukamkatalia. Jamani, sheria aliitunga mwenyewe, na akajisifu nayo kikaoni: aliyemshikia mwenzake kiti ndiye pekee anayeweza kukiachia.

"Vipi, mbona bado kuna njano?" bosi akauliza.

"Niache!"

Zimebaki dakika mbili. Akachukua simu yake, akaiandikia namba ya mama. "Mama, ni mimi. Najua umemkumbuka. Lakini mimi nimebaki na yeye tu. Nakuomba, mwachie."

Sekunde arobaini. Ishirini. Zilipofika saba, kiti kumi na moja kikawa kijani.

Simu ikaita. Ni baba.

"Baba! Uko salama?"

"Nipo, mwanangu. Nilipitiwa na usingizi hapa kwenye kochi." Sauti yake ilikuwa ya mtu aliyechoka mno. "Nimemwona mama yako. Yuko kwenye basi, dirishani, mkoba wake kauweka kiti cha pembeni kunishikia nafasi. Aliponiona akacheka, unajua anavyocheka, akauondoa ili nikae. Nilishafika, mkono nimeshauweka kwenye kiti."

Fundi Viti alimsikia baba akivuta pumzi.

"Halafu akasoma kitu kwenye simu yake, akaurudisha mkoba palepale. Alikuwa analia, mwanangu. Sijui nani kamwambia nini."