Ushuhuda wa Mpuliza Harmonika

Obura wa Umoja, mtaa wa Nairobi, aliimba bluzi kwa miaka thelathini kabla ya kupata watu wa kumsikiliza, na alipowapata, ilimbidi awaambie kwamba ameacha.

Bluzi ni muziki wa huzuni wa watu weusi wa Amerika. Obura aliupata kwa babake, mfanyakazi wa reli, aliyemwachia santuri mbili na harmonika, kile kinanda kidogo cha kupuliza kwa mdomo kinachoenea mfuko wa shati. Mchana Obura alikuwa karani wa stoo. Jioni alizunguka baa za Kariobangi na Dandora akiomba nafasi. Wenye baa walitaka rumba, benga, au mugithi wa kutikisa viuno. Huzuni, walimwambia, wateja wanakuja nayo kutoka nyumbani. Walimruhusu aimbe stima ikipotea tu, maana mlevi akikosa kelele hukumbuka kwake na kuondoka. Basi giza ndilo lililokuwa meneja wa Obura. Akianza ule wimbo wake, "Maji hakuna Umoja, na machozi hayafui nguo," hata mama wa samaki pale mlangoni aliacha kugeuza samaki. Taa zikirudi, watu walipiga makofi, na zilizopigiwa ni taa.

Mkewe Phelister hakuupenda muziki huo hata kidogo. Alisema mwanamume mzima hawezi kulia kupitia kipande cha bati kama hana lake jambo, na kila Jumatano alimpeleka kwa Mungu katika maombi. Obura alipostaafu, Phelister akaona maombi peke yake yanachelewa, akamshika mkono na kumpeleka Kanisa la Moto Usiozimika, lile la mabati nyuma ya soko la Kariobangi.

Pale ushuhuda ndio nguzo ya ibada, na ushuhuda una madaraja yake. Aliyekuwa mwongo hupewa dakika mbili. Aliyekuwa mlevi, tano. Aliyekuwa jambazi hupewa maikrofoni mpaka achoke, na soda baadaye. Obura aliitwa mbele, akajikuna kichwa, akakiri kwamba aliwahi kuchelewa kazini. Pasta Wahome alimtazama kwa huruma, akamuuliza kama hakuna kingine, hata kidogo. Obura akakumbuka harmonika. Macho ya Pasta yakawaka.

Jumapili iliyofuata bango lilining'inia nje: NYOTA WA MUZIKI WA KUZIMU ALIYETIKISA AMERIKA, SASA AMEOKOKA. Obura, ambaye safari yake ndefu kuliko zote ilikuwa ya kwenda Kisumu kwa matanga, alijaribu kulalamika. Pasta akamuuliza ni Mmarekani gani atakayekuja Kariobangi kubisha.

Kisha akamwomba apulize kidogo, ili waumini waone Bwana amemtoa wapi. Kidogo hicho kilikuwa dakika moja. Mwezi uliofuata kikawa dakika tano. Kufika Pasaka kilikuwa dakika ishirini, na spika zimeelekezwa barabarani. Watu walifurika. Wenye baa waliokuwa wakimfukuza walikuja na Biblia kwapani, wakafumba macho, wakatikisa vichwa kwa uchungu wa kiroho na miguu ikafuata. Ibada ikiisha Obura alilia, akaweka harmonika madhabahuni mbele ya wote. Jumatatu asubuhi Jacklyne, katibu wa kanisa, alimrudishia ikiwa imefungwa kwenye leso, ili afanye mazoezi ya kuacha. Pasta akawa Askofu. Kabla mvua za masika hazijaisha, Askofu akawa Mtume.

Obura hakuwahi kuwa na furaha kama hiyo maishani, na furaha hiyo ilimsumbua. Alikuwa mtu wa kweli, na sasa kila Jumapili alisema uongo kwenye maikrofoni ya Bwana. "Nimeacha," alisema, huku midomo bado inamuwasha.

Halafu kanisa la ng'ambo ya barabara likapata aliyekuwa mganga. Huyo alichoma vibuyu vyake kila Jumapili, vibuyu ambavyo havikuisha, na viti vya Mtume Wahome vikaanza kubaki wazi. Mtume hakukubali kushindwa na vibuyu. Akatangaza kwamba Jumapili inayokuja harmonika itateketezwa ndani ya pipa la moto, mchana kweupe. Obura aliomba wachome nyingine ya bei rahisi. Mtume alikataa. Waumini waliijua ile, na ilivyobonyea kwenye kona, na siku hizi kila simu ni kamera.

Jumamosi yote Obura hakutia kitu kinywani. Alimwambia Phelister kwamba anaogopa. Ile ilikuwa sauti ya babake, na ikiungua, yeye angebaki mzee wa Umoja asiye na la kusema. Phelister aliendelea kukanda unga wa chapati.

Jumapili pipa liliwaka kando ya jukwaa. Obura aliomba apulize mara ya mwisho, na hakupuliza ule wa maji. Alipuliza wimbo ambao hakuwahi kuupeleka baa yoyote, wa mtoto wao wa kwanza, aliyeishi siku tisa. Haukuwa na maneno, kwa sababu hakuwahi kuyapata. Moto wa pipa ulisikika hadi viti vya nyuma.

Mtume akanyoosha kidole kwenye pipa. Mkono wa Obura ukakataa kufunguka. Mtume akatangaza kwamba pepo ameshikilia, na wazee wanne wa kanisa wakapanda kuvuta vile vidole, wakikemea na kutokwa jasho. Hapo Phelister akainuka upande wa akina mama. Watu walimpigia makofi, wakidhani amekuja kuongeza nguvu. Akachukua maikrofoni.

"Huyo pepo nimempikia chai miaka thelathini na mbili," alisema. "Hajawahi kulala nje. Hajawahi kuniinulia mkono. Nyinyi mnaotaka kumchoma, wenu wako wapi saa hii?"

Mama mmoja alicheka nyuma, kisha wengine, kisha upande mzima. Wanaume wakakagua viatu vyao. Phelister alifungua vidole vya mumewe kimoja kimoja, naye Obura akamwachia. Mkewe akaifuta harmonika kwa leso, akaitia kwenye mkoba, akafunga zipu.

Walirudi Umoja kwa miguu. Njiani Obura alimuuliza kama sasa ameupenda muziki wake. Phelister alisema bado anauchukia, isipokuwa ule wa mwisho, kwa sababu ule ni wake pia. Obura alilia pale pale barabarani, bila kipande cha bati.

Jumatatu simu iliita. Alikuwa Mtume. Obura alijiandaa kwa laana, lakini sauti ilikuwa tamu. Video imezunguka mtaa wote. Ng'ambo ya barabara mganga anachomea vibuyu viti vitupu. Bango jipya limeshachapishwa: WANANDOA WALIOFUNGWA NA PEPO MMOJA. Wataombewa kila Jumapili, mpaka watakapofunguliwa. Je, watakuja?

Obura alifungua mdomo akatae. Phelister, aliyekuwa akisonga ugali, alimpokonya simu kwa mkono wa kushoto.

"Atapuliza dakika ngapi?" aliuliza. "Na safari hii hasemi ameacha."