Kilio ya Tatu ya Protais

Minye nakasirika mpaka sasa! Ziwa kupanda, ile ni kazi ya Mungu. Lakini Protais Ngendakumana, ule ni kazi ya nani?

Ziwa ilimeza nyumba ya mama mudogo wangu Capitoline kule Kalundu. Akabakia na nyumba moja tu, ile Protais alikuwa anapanga. Protais akakatala kutoka. Bakafika ku tribinali. Mbele ya juje, mwenye kuamua kesi, Protais akanyanyua mukono, akaapa: "Mbele ya Pasaka nitatoka."

Juje akamwambia: "Ukivunja ile neno, umezarau tribinali. Utalala mu kasho, mu gereza."

Pasaka ikapita. Mama mudogo iko analala mu klase ya masomo, na likizo ikiisha, siku ya lundi, banafunzi banarudia!

Mutu wa tribinali akaenda kumutosha Protais mu nyumba. Akakuta bashi ya kuzuia mvua, viti, moto: kilio! Eti babu yake amekufa. Nani atafukuza muntu iko mu kilio? Kwetu hapana. Akarudia. Juma ya pili: kilio ya mukwe. Akarudia tena!

Juma ya tatu, siku ya vandredi, minye na mama mudogo tukaenda naye: kilio ya tatu. Dada mukubwa, Apollinarie wa Kiringye. Foto yake ku meza, na maua. Mama mudogo akakaa chini tu. Minye pia nikalia, kweli! Nikapiga ile foto na simu yangu, nikaituma mu grupe ya WhatsApp ya bantu ba Kiringye: "Poleni sana, bandugu."

Dakika mbili, simu inalia. Video. Mwanamuke na jembe ku bega.

"Weye kijana, nani alikuambia nimekufa?"

Nikapandisha sauti mpaka mwisho, nikaweka simu mbele ya macho ya mutu wa tribinali.

"Protais!" Apollinarie akapiga kelele. "Unanizika, na hata kunialika hapana?"

Halafu mama moja akasimama: "Sukari yangu! Rudisha sukari yangu ya rambirambi!"

"Na kuni zangu!"

"Bandugu," Protais akasema, "alikuwa karibu kufa..."

"Nife juu yako, munafiki weye!" Apollinarie akajibu mu simu.

Mutu wa tribinali akamushika mukono. "Na babu yako iko na namba gani? Nimupigie pia? Twende kwa juje."

Juje akamupa siku saba za kasho. Lundi asubui, mama mudogo akafungua mulango yake mwenyewe.

Vitu vya Protais tulivipanga inje, chini ya ile bashi yake ya kilio. Mvua ikinyesha havitalowana. Sisye hatuko kama yeye.