Mwenye Cheti

Mwendesha mashtaka alimuuliza mama fundi cherehani swali moja tu: binti yako ana miaka mingapi? Kuna swali rahisi kuliko hilo kwa mzazi? Lakini mama aliikodolea macho meza mpaka mwendesha mashtaka akaacha kuandika na kumtazama.

"Kumi na sita," alisema.

"Cheti cha kuzaliwa kinasema kumi na tisa, mama. Wakili wa yule bwana amekishikilia hicho hicho. Anasema mteja wake aliondoka na mtu mzima, kwa hiari yake. Daktari kapiga picha mifupa ya mkono, naye anasema kati ya kumi na sita na kumi na tisa. Usiponipa kitu kingine, huyu mtu anakwenda zake nyumbani."

Yule bwana alikuwa muuza simu wa mtaa wa pili. Alimfungia binti siku kumi na moja katika chumba cha nyuma ya duka, na sasa alikuja mahakamani na shati lililonyooshwa vizuri, akisalimia watu kama bwana harusi. Wengine hawajaumbwa na aibu.

Mama alirudi nyumbani akavuta boksi la vitambaa kutoka uvunguni. Chini kabisa, ndani ya gauni dogo la njano, ilikuwemo kadi ya kliniki.

Kabla ya binti huyu alikuwepo mwingine. Homa ilimchukua akiwa na miezi kumi na minne. Miaka miwili baadaye akazaliwa wa pili, akapewa jina la dada yake, na mama akahamia mji huu naye mgongoni, baba mtu akiwa keshashika njia yake. Shule ilipotaka cheti, cha wa pili hakikuwepo, kwa sababu hakuna aliyewahi kwenda kumwandikisha. Cha wa kwanza kilikuwepo, jina lile lile, wazazi wale wale. Alikitoa, mwalimu akakipokea bila hata kuinua kichwa.

Tangu siku hiyo marehemu alihamia kwenye cherehani. Kila mama alipokata sare ya binti, mkasi ulikwenda kwenye kimo cha yule mwingine, vile ambavyo angekuwa amefika. Nguo za binti zilimpwaya miaka yote, na wenzake walimtania kwamba anavaa za kurithi. Na siku zile kumi na moja, Mungu amsamehe, alipokuwa akizunguka mitaani na picha mkononi, hakumwogopa mtekaji. Aliogopa kwamba mwenye cheti amekuja kuchukua chake.

Binti hakuwahi kuambiwa lolote. Mama alikusudia kumwambia asubuhi ya kesi, wakiwa wanakunywa chai, akaishia kumwongezea sukari.

Kizimbani aliitoa kadi. Hakimu aliisoma taratibu: uzito wa kila mwezi, mwezi wa kumi na nne, kisha neno moja kwa wino mwekundu. Amefariki. Namba ya hospitali iliyokuwa juu ya kadi ndiyo iliyokuwa kwenye cheti.

Wakili wa muuza simu alisimama. "Kwa hiyo uliidanganya shule, ukaidanganya serikali, na leo unataka mahakama ikuamini?"

"Msiniamini mimi," mama alisema. "Mwaminini muuguzi aliyeandika hapo. Na kama kuna kesi ya cheti, nifungulieni, nitakuja."

"Huyu aliyefariki ni nani?" hakimu aliuliza.

Mama alilitaja jina. Nyuma yake, kwenye benchi, binti aliinuka kwa mazoea, kama anavyoinuka mtu aliyeitwa, akabaki amesimama hivyo hivyo. Muuza simu peke yake ndiye aliyetazama chini.

Hakimu aliipokea kadi kama ushahidi. Alisema wa kwanza hawezi kuwa ndiye aliyefungiwa, na huyu wa pili, aliyezaliwa miaka miwili baada ya kifo hicho, bado ni mtoto. Wiki mbili baadaye muuza simu alitiwa hatiani na kupelekwa gerezani.

Siku ile ya kadi walirudi nyumbani pamoja. Binti alikaa karibu na cherehani, gauni la njano mapajani, akilikunja na kulikunjua tena.

"Mama, unaponiita, huwa unamwita nani?"

Mama alitaka kusema wewe, mwanangu, wewe tu. Lakini alikuwa ametoka kuapa mahakamani, na uongo haukutaka kutoka. Alilia mbele ya mwanawe kwa mara ya kwanza.

Binti alimwacha alie. Kisha akachukua futi ya kupimia pale kwenye msumari, akaiweka mkononi mwa mama yake, akanyoosha mikono.

"Nipime," alisema. "Mimi."

Mama alipima mabega, kifua, kiuno. Alirudia mara mbili, kwa sababu hakuamini jinsi mtoto alivyokuwa mdogo.